Mwacheni Aanguke Mbele ya Macho Yetu

Nyumba imekwama juu ya reli. Bwana na bibi harusi walioijenga kwa mikono yao wanaisukuma, wanaivuta, haisogei hata inchi. Kwa mbali treni inatokea, moshi juu, inawajia moja kwa moja. Wanajaribu kwa mara ya mwisho, wanashindwa, wanajitoa kando na kusubiri kishindo. Treni inapita bila kuigusa nyumba. Kumbe ilikuwa kwenye njia nyingine, sambamba na ile yenye nyumba. Wawili wale wanashusha pumzi, nasi tunashusha pamoja nao. Papo hapo treni ya pili inaingia kutoka upande wa pili na kuivunjavunja nyumba, mbao zinaruka huku na huko.

Hiyo ni sehemu ya mwishomwisho ya One Week, filamu fupi ambayo mcheshi wa Marekani Buster Keaton aliitoa mwaka 1920. Nimeirudia mara nyingi, na kila nikiirudia naona wazi zaidi kwamba kichekesho chake hakimo katika ajali. Kimo mahali kamera iliposimama. Ingewekwa juu ya kilima, tungeziona njia mbili za reli tangu mapema na tungejua kwamba treni ya kwanza haina madhara. Ingegeuzwa kidogo tu, tungeiona treni ya pili ikija. Imewekwa pale ambapo jicho linaziona njia mbili kama moja, na mahali inapotokea treni ya pili pako nje ya picha hadi sekunde yenyewe. Hakuna ujanja wa maabara hapo. Treni ni ya kweli, reli ni ya kweli, nyumba ni ya mbao na misumari ya kweli. Kilichotudanganya ni pembe ya kutazamia, pamoja na haraka yetu ya kuamini kwamba tumeshaona kila kitu.

Naanza na mfano huu kwa sababu filamu fupi za vichekesho za enzi ya sinema bubu zimebebeshwa sifa isiyo yake. Anayezidharau husema ni kuanguka na kurushiana keki usoni. Anayezipenda huzisifu kwa ujasiri wa wachezaji, kama mtu anayesifu sarakasi. Wote wawili wanautazama mwili peke yake. Mwili ulikuwa na kazi kubwa, sikatai, lakini anguko lenyewe halichekeshi. Mtu akianguka njiani tunamwambia pole na kumwokotea vitu vyake. Anguko linachekesha linapokuwa limepangwa ndani ya mstatili wa picha, tukapewa mapema yote tunayohitaji kuyajua, kisha tukaonyeshwa kwamba tuliyapanga vibaya vichwani mwetu. Ni kazi ya akili, tena akili ya mafundi: ya kupima nafasi, muda na uzito. Na hoja yangu ni kwamba Keaton, katika filamu 19 fupi alizotengeneza kati ya 1920 na 1923, aliifikisha kazi hiyo mahali ambapo hakuna aliyemfuata akapafikia tena.

Elimu hii haikuanza naye. Mwaka 1895, ndugu Lumière wa Ufaransa walipiga filamu isiyotimiza hata dakika moja: mtunza bustani anamwagilia maji kwa mpira, kijana ananyata nyuma yake na kuukanyaga mpira, maji yanakatika. Mtunza bustani anauchungulia mdomo wa mpira, kijana anaondoa mguu, maji yanamrukia usoni. Wengi wanaikumbuka hadi hapo. Mimi navutiwa zaidi na kinachofuata. Kijana anakimbia kuelekea ukingo wa picha, mtunza bustani anamkamata, na badala ya kumchapa palepale alipomkamatia, anamburuta hadi mbele ya kamera ndipo anamcharaza. Katika maisha ya kawaida hakuna sababu ya kufanya hivyo. Katika sinema sababu ipo: nje ya picha hakuna anayeona, na adhabu isiyoonekana haimfurahishi mtu. Sinema haijatimiza hata mwaka, tayari mcheshi wake anajua kwamba uwanja wake una mipaka minne na kwamba kila kitu lazima kitokee humo ndani.

Mwaka huohuo wa 1895, mwezi Oktoba, Keaton alizaliwa Piqua, Kansas, wazazi wake wakiwa safarini na kundi la maonyesho. Alipandishwa jukwaani akiwa mtoto mdogo sana. Mchezo wa familia ulikuwa wa ukorofi: baba anamwadhibu mtoto mtundu kwa kumrusha huku na huko jukwaani, na nguo za mtoto zilishonewa mpini wa sanduku la safari mgongoni ili baba apate pa kumshikia. Huko ndiko alikojifunza kuanguka bila kuvunjika. Alijifunza pia, kama alivyosimulia mwenyewe baadaye, kwamba akicheka yeye watazamaji hawacheki, na akitulia uso wanacheka zaidi. Ule uso mkavu aliojulikana nao duniani kote ulitokana na kuwasikiliza watazamaji usiku baada ya usiku.

Mwaka 1917 mcheshi wa filamu Roscoe Arbuckle alimwalika New York kucheza katika filamu fupi iitwayo The Butcher Boy. Keaton alisimulia kwamba jambo la kwanza lililomshughulisha siku zile lilikuwa kamera: aliichukua, akaifungua, akachunguza inavyofanya kazi, akairudishia. Simshangai. Kwenye jukwaa mtazamaji amekaa kiti kimoja usiku mzima. Kamera inaweza kumchukua mtazamaji huyo na kumweka popote, na atakapowekwa ndipo patakapoamua aone nini na asione nini. Kwa kijana aliyekulia jukwaani hicho ni chombo kipya kabisa cha kuchekeshea, na Arbuckle, ambaye alikuwa mwalimu mkarimu, alimwachia akichezee kwa miaka mitatu.

Alipopata studio yake mwaka 1920, katika majengo ambayo Chaplin aliwahi kuyatumia Hollywood, alikuwa na watu wanaostahili kutajwa. Mpiga kamera alikuwa Elgin Lessley, ambaye alisifiwa kwa kuzungusha mkono wa kamera, ule ulioendesha filamu ndani yake, kwa mwendo usiobadilika. Fundi mkuu wa majengo na mitambo alikuwa Fred Gabourie. Eddie Cline alishirikiana naye kuongoza filamu nyingi kati ya hizo. Vichekesho vya macho huandikwa na seremala kama vile vinavyoandikwa na mcheshi, na Gabourie alikuwa mmoja wa waandishi wakubwa wa ucheshi wa karne iliyopita ingawa hakuandika mstari hata mmoja wa mazungumzo.

Turudi kwenye One Week, maana filamu hii ya kama dakika 20 ina darasa zima ndani yake. Maharusi wamezawadiwa kiwanja na nyumba iliyopakiwa kwenye makasha, kila kasha na namba yake. Fuata namba, utapata nyumba. Mwanamume aliyekataliwa na bibi harusi anakuja kwa siri na rangi, anazigeuza baadhi ya namba. Ni hilo tu. Upuuzi wote unaofuata unatokana na tendo moja dogo ambalo tumelishuhudia. Bwana harusi si mjinga. Anafuata maelekezo kwa uaminifu mkubwa, na uaminifu huo ndio unaomzalia nyumba iliyopinda, madirisha yametazama kila upande, na juu, kwenye ukuta wa nje, mlango usio na ngazi wala baraza, unaofungukia hewani.

Tazama mlango huo unavyotumika. Tumeuona kwa nje tangu nyumba iliposimama. Hakuna anayetukumbusha. Picha haisogezwi karibu yake kutuambia tuutie akilini. Muda unapita, mambo mengine yanatokea, kisha Keaton yuko juu akitoka bafuni, anafungua mlango kwa utulivu wa mtu aliye kwake, anapiga hatua na kutoweka. Kamera iko nje, mbali, inatuonyesha nyumba yote, mwili wote, na urefu wote wa anguko. Pale chini walichimba shimo, wakajaza majani makavu na kulifunika kwa nyasi, na bado aliumia akavimba. Lakini tusiishie kwenye maumivu yake. Mtengenezaji wa kawaida angekata picha vipande vitatu: uso unashtuka, mguu unakanyaga hewa, mwili umelala chini. Tungeelewa kilichotokea, ila tusingekiamini. Keaton anatuachia kitu kizima bila kukikata, na kwa kuwa hatukuibiwa hata sekunde moja, tunacheka huku tukisadiki.

Hiyo ndiyo kanuni yake, na alikuwa akiilinda kwa wivu. Panapotendeka jambo lisiloaminika, kamera irudi nyuma na isikatwe. Kwenye dhoruba ya siku ya karamu, ambayo kalenda ya filamu inaonyesha ni Ijumaa tarehe 13, nyumba inazunguka. Inazunguka kwelikweli: Gabourie aliijenga juu ya sahani kubwa inayozungushwa kwa mtambo. Wageni wanatupwa nje mmojammoja kupitia mlangoni. Keaton, akiwa nje, anajaribu kuingia kwa kusubiri mlango upite mbele yake. Anaukosa, anausubiri tena, anarukia. Ni mtu anayejaribu kuingia kwake tu. Ila muda wa mlango kupita umekuwa mapigo, nasi tunaanza kuyahesabu pamoja naye na kukaza misuli kila mlango unapokaribia. Filamu haina sauti, lakini miili yetu imeshaushika mwendo wa ngoma.

Na humohumo kuna kichekesho kingine kidogo ninachokipenda kuliko kishindo cha treni. Bibi harusi, anayechezwa na Sybil Seely, yuko ndani ya beseni la kuogea. Sabuni inamponyoka, inaanguka sakafuni. Kuichukua itambidi ajiinue. Anaitazama kamera, yaani anatutazama sisi, na mkono mkubwa unajitokeza mbele ya lenzi na kuiziba mpaka amalize. Seely hatajwi inavyostahili katika maandishi mengi kuhusu filamu hii, na ni makosa, kwa sababu nusu ya uzito wake iko kwake: anapigilia misumari, anabeba mbao, anaanguka, na utani wenye kuthubutu kuliko yote katika filamu umekabidhiwa macho yake.

Wenzake Keaton walikuwa na njia nyingine. Studio ya Keystone ya Mack Sennett, iliyoanza mwaka 1912, ilitegemea mbio na fujo: mkono wa kamera ulizungushwa polepole wakati wa kupiga ili watu waonekane wakikimbia kama waliochanganyikiwa. Mengi yake yamechakaa. Yana nguvu lakini hayana hesabu, na baada ya dakika tano nguvu isiyo na hesabu inachosha.

Chaplin ni jambo jingine kabisa, na hapa nataka kuwa mwangalifu kwa sababu watu hugombana juu ya wawili hawa kana kwamba kumpenda mmoja ni kumkana mwingine. Mwaka 1916, katika The Pawnshop, mteja anamletea Chaplin saa ya mezani aweke rehani. Chaplin anaipima mapigo kwa kifaa cha daktari, anaigongagonga, anaifungua kwa kifaa cha kufungulia mikebe, anainusa, anatoa vyuma vyote mpaka vinatambaa juu ya kaunta, kisha anavikusanya ndani ya kofia ya mteja na kutikisa kichwa kwa masikitiko. Saa imekuwa mgonjwa, imekuwa mkebe wa samaki, imekuwa maiti. Haya yote yanatokea kwenye mikono ya mtu mmoja aliyesimama mahali pamoja, na kamera inakaa kimya ikimwangalia. Ni ustadi wa hali ya juu. Ila angeweza kuufanya kwenye jukwaa lolote, na mwenye kiti cha mbele angecheka vilevile. Treni mbili za Keaton haziwezi kupandishwa jukwaani. Kwa Chaplin kitu kinageuka kitu kingine, na kwa Keaton mahali panageuka pengine. Ndiyo maana nasema Chaplin alikuwa msanii mkubwa aliyeitumia sinema, na Keaton alikuwa mtu aliyefikiri kwa sinema. Anayeona kauli hiyo ni kali aitazame The Boat ya 1921, pale mashua inapoteremshwa majini kwa mara ya kwanza. Keaton amesimama kwenye omo, mgongo umenyooka. Mashua inateremka kwa heshima zote, inaingia majini, na inaendelea kuteremka kwa mwendo uleule mpaka inazama yote naye bado amesimama. Kamera haijatikisika. Kuizamisha mashua ya mbao vizuri namna ile kuliwasumbua mno mafundi, kwa sababu mbao kazi yake ni kuelea.

Mwishoni mwa enzi hiyo, Stan Laurel na Oliver Hardy waligundua jambo ambalo Keystone hawakuwahi kulifikiria: subira. Katika Big Business ya mwaka 1929 wanauza miti ya Krismasi mlango kwa mlango huko California. Tawi la mti linabanwa na mlango, wanabonyeza kengele tena, mlango unabana tena. Mwenye nyumba, James Finlayson, anakasirika na kuikata miti. Wao wanaharibu kitu kidogo mlangoni pake. Kuanzia hapo yeye anaibomoa gari yao na wao wanaibomoa nyumba yake. Kinachochekesha ni kwamba kila upande unampa mwenzake nafasi. Anayeharibiwa mali anasimama, anatazama mpaka mwisho, anatafakari, ndipo anachukua zamu yake. Watu wamejaa barabarani wakiyumba kwenda kuangalia gari, kurudi kuangalia nyumba, na askari ameketi ndani ya gari lake akiandika kwenye daftari. Sekunde zile za kutafakari ndizo zinazobeba filamu. Ukizipunguza, unabaki na watu watatu wanaoharibu vitu.

Gharama ya kazi hii ililipwa kwa mwili. Agosti 1919 mcheshi Harold Lloyd alishika bomu la mapambo kwa ajili ya kupigwa picha, kumbe lilikuwa na baruti kweli. Likalipuka na kumkata kidole gumba na cha shahada cha mkono wa kulia. Alirudi kazini akiwa na glovu maalumu, na mengi anayokumbukwa kwayo aliyafanya baada ya hapo. Keaton alivunjika kifundo cha mguu mwaka 1921 akipiga The Electric House, kwenye ngazi ya umeme, na kazi ikasimama. Alipokuwa hawezi kuruka, alitengeneza The Play House, filamu inayotegemea kamera kuliko misuli: yeye ndiye wapiga muziki wote, watazamaji wote, wachezaji wote. Katika sehemu moja wako Keaton tisa kwenye picha moja. Lessley aliifunika lenzi, akaacha upenyo mwembamba, akapiga, akarudisha filamu nyuma, akafungua upenyo wa pili, na kuendelea hivyo mpaka wa tisa, akizungusha kamera kwa mkono na kwa mwendo uleule kila mara. Kosa moja lingeharibu yote.

Na picha hiyo ya Keaton tisa ni ya onyesho la minstrel, lenye waigizaji waliopakwa weusi usoni kuwadhihaki Wamarekani Weusi. Siwezi kuisifia kamera nikalikalia kimya hilo. Filamu fupi za wakati ule, za Keaton na za wenzake wengi, zina vichekesho vya namna hiyo, na vinauma. Pia ni vichekesho vibovu kwa kipimo kilekile ninachokitumia hapa. Havihitaji nafasi, havihitaji muda, havihitaji kupima chochote. Vinategemea dharau ambayo mtazamaji amekuja nayo kutoka nyumbani kwake. Ufundi mkubwa kuliko wote wa Lessley ulitumika kuvipamba, na hilo linanihuzunisha kila nikiitazama.

Sisi wa huku tuna sababu nyingine ya kuzichukulia filamu hizi kwa uzito. Ukumbi wa Royal ulifunguliwa Zanzibar mwaka 1921, wakati sinema zote bado zilikuwa bubu, na watu wa mji ule walizijua picha zinazotembea kabla hazijaanza kusema. Miaka michache baadaye kukaja nadharia ya watawala. Kati ya 1935 na 1937 mradi uliojulikana kama BEKE ulitengeneza filamu za mafunzo kwa Waafrika, makao yake yakiwa Vugiri, kwenye milima ya Usambara, na kuzizungusha kwa lori Tanganyika, Kenya, Uganda na nchi jirani. Mwaka 1939 Uingereza ikaanzisha Kitengo cha Filamu cha Makoloni chini ya William Sellers, aliyekuwa ameanza kazi ya filamu za afya Nigeria. Sellers alishikilia kwamba mtazamaji wa Afrika vijijini anahitaji filamu za mwendo wa pole, zisizokatwakatwa, zisizo na ujanja wa kamera, kwa kuwa eti hatazifuata nyingine.

Wakati huo tayari kulikuwa na ushahidi wa kumpinga. Tangu miaka ya 1920 mmisionari Mmarekani Ray Phillips alikuwa akiwaonyesha wachimba migodi wa Johannesburg filamu za Chaplin katika kambi zao, na wachimba migodi hao walizipenda mno. Sasa fikiria kicheko kinahitaji nini. Ili ucheke saa ikifunguliwa kama mkebe, lazima ujue saa ni nini, mkebe ni nini, dukani watu hufanya nini, na utambue kwa wakati mmoja kwamba mtu huyu anafanya moja akijifanya anafanya jingine. Ili ucheke treni ya pili, lazima uwe umejenga kichwani ramani ya mahali usipopaona. Anayecheka ameshaisoma picha, na ameisoma haraka kuliko anayeandika ripoti juu yake. Wataalamu waliokuwa wakijadili kama Mwafrika anaweza kuelewa sinema wangepata jibu kama wangegeuka na kusikiliza ukumbi.

Leo filamu hizi ziko kwenye simu za mamilioni, na ndipo ninapoudhika. Kipande kinachosambaa kuliko vyote ni cha ukuta wa nyumba unaomwangukia Keaton, yeye akapona kwa kuwa amesimama sawasawa na uwazi wa dirisha. Kinatoka kwenye filamu ndefu ya 1928, ukuta ulikuwa na uzito wa kama tani mbili, na nafasi ya kupona ilikuwa ya inchi chache. Kinakatwa sekunde sita, kinawekewa muziki wa kelele, pembeni yameandikwa maneno ya kumwita mwendawazimu. Kilichopotea ni historia ya kichekesho chenyewe. Mwaka 1919, katika Back Stage, Arbuckle na Keaton walikifanya kwa ukuta mwepesi wa mandhari ya jukwaani, kikachekesha kwa upole. Miaka tisa baadaye Keaton alikirudia kwa ukuta mzito katikati ya dhoruba, na uzito huo ukabadilisha maana yake. Kwenye sekunde sita hakuna dhoruba, hakuna hospitali iliyong'olewa paa, hakuna mtu anayesugua shingo akijiuliza yuko wapi. Kuna ukuta unaanguka.

Kingine kinachoharibiwa ni mwendo. Kamera za wakati ule zilizungushwa kwa mkono, na idadi ya picha kwa sekunde ilitofautiana, mara nyingi chini ya zile 24 zilizokuja kuwa kawaida ya filamu zenye sauti. Ukiionyesha filamu ya namna hiyo kwa 24 bila kurekebisha, kila mtu anakimbiakimbia kama mdoli. Vizazi vizima vimeamini kwamba ndivyo ilivyokuwa, kwamba kurukaruka huko ndiko kuchekesha. Tafuta nakala iliyorejeshwa vizuri, utaona Keaton ana madaha. Anatembea kama mtu mwenye shughuli zake. Katika Cops ya mwaka 1922, anapodaka gari linalopita kwa mkono mmoja na kuondoka nalo mwili ukiwa umelala hewani, jambo linatokea kwa wepesi unaokaribia uzuri wa ngoma. Likiharakishwa, uzuri wote unakwenda.

Ninapotazama vichekesho vifupi vya mtandaoni vya Dar es Salaam na Nairobi, naona vijana wenye vipaji wanaotegemea mdomo. Mdomo wetu ni mtamu, hilo linajulikana, na uchekeshaji wetu wa redio na televisheni umelelewa na maneno. Lakini simu imeleta tena urefu uleule wa filamu fupi, na mcheshi asiyesema neno anaweza kuvuka mipaka yote kwa siku moja. Khaby Lame, mzaliwa wa Senegal aliyekulia Italia, aliwapata wafuasi wengi kuliko mtu yeyote kwenye TikTok mwaka 2022 kwa uso uliotulia na mikono miwili tu. Anachokosa, na wanachokosa wengi wanaomwiga, ni mahali. Picha iliyosimama wima ya simu inaukata ulimwengu pembeni, inabaki na uso na kifua. Bado nafasi ipo: kuna ghorofa, kuna ngazi, kuna mtu juu na mtu chini. Mcheshi atakayeiweka simu mbali kiasi cha kuonyesha miguu yake na ardhi aliyosimama, kisha asiikate mpaka jambo liishe, ataweza kufanya mambo ambayo maneno hayawezi.

Nina ombi moja kwa wanaoandaa maonyesho. One Week haina mmiliki tena kwa sheria za Marekani kutokana na umri wake, na tangu 2008 imo katika orodha ya taifa ya filamu zinazohifadhiwa huko. Kikwazo kinaweza kuwa haki za nakala iliyorejeshwa au za muziki ulioongezwa, na hilo linaweza kuzungumzwa. Filamu hizi kwa kawaida hazikuonyeshwa kimya: ukumbi mdogo ulikuwa na piano, ukumbi mkubwa bendi nzima. ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar, limeonyesha filamu Ngome Kongwe kwa miaka mingi, na mjini humohumo Chuo cha Muziki wa Nchi za Jahazi kinafundisha vijana kupiga kanuni, udi na fidla. Wapeni vijana hao filamu tatu za Keaton mwezi mmoja kabla ya tamasha, muwaachie watunge wenyewe. Kisha muionyeshe kwa mwendo wake sahihi, nzima, kwenye turubai kubwa, watoto wakae mbele kabisa. Dakika 60 zinatosha kwa zote tatu, na tafsiri inayohitajika ni ya kadi chache tu za maandishi, ambazo mtu mmoja mwenye sauti nzuri anaweza kuzisoma.